Tawi Moja, Nakala Nyingi: Johann Maria Hildebrandt na Mimea ya Pwani, Taita na Ukamba

Mabibi na mabwana, wanafunzi wa mimea, walinzi wa misitu, na ninyi wazee wetu mnaoijua miti kwa harufu na kwa ladha kabla sisi hatujafungua vitabu: karibuni.

Usiku wa kuamkia tarehe 2 Machi 1943 ndege za vita ziliipiga Berlin, na hebaria ya mji ule, iliyokuwa Dahlem, ikashika moto. Mle ndani mlikuwa na sampuli zipatazo milioni 4 za mimea iliyokaushwa na kubandikwa juu ya karatasi. Zilizopona ni chache: zile zilizokuwa zimeazimwa na hebaria nyingine, na zile zilizokuwa zimehamishwa mapema. Msiba ule ulitugusa sisi moja kwa moja. Kuanzia miaka ya 1870 hadi Vita Kuu ya Kwanza, mimea mingi ya Unguja, Usambara, Uluguru, Taita na Kilimanjaro ilipelekwa Berlin, na huko ndiko ilikopewa majina. Na jina la kisayansi la mmea hufungwa kwenye sampuli, kama hati ya shamba inavyofungwa kwenye mipaka yake. Sampuli ikiungua, mtu akiuliza kesho "jina hili ni la mmea upi hasa?", hakuna pa kwenda kutazama.

Isipokuwa kama kuna nakala. Ndiyo maana nimemchagua Johann Maria Hildebrandt. Sampuli zake za Berlin ziliungua na za wenzake, lakini kazi yake bado tunayo mikononi, kwa sababu kila alipokata tawi alikata matawi kadhaa, akayapa namba moja, na seti zikasambaa Ulaya. Kew, ile bustani kuu ya mimea ya Uingereza, zipo, London zipo, Paris, Vienna na Leiden zipo.

Maisha yake nitayapitia kwa haraka, maana yalikuwa mafupi. Alizaliwa Düsseldorf Machi 1847, mtoto wa mchoraji Theodor Hildebrandt. Alianza kujifunza ufundi wa mashine, akaumia jicho, akageukia kazi ya bustani. Kazi hiyo ndiyo iliyompeleka kwenye Bustani ya Mimea ya Berlin. Zingatieni hapo: mafunzo yake yalikuwa ya mtunza bustani. Mtunza bustani hutazama mmea kwa kujiuliza utaishije ukihamishwa, na swali hilo linamfanya aangalie udongo, kivuli, maji na mbegu.

Mwaka 1872 aliondoka Ulaya kwa mara ya kwanza. Alipita Misri, Bahari ya Shamu, nyanda za Bogos ambazo leo ziko Eritrea, Aden na pwani ya Somalia, na mwaka 1873 akafika Unguja. Mfereji wa Suez ulikuwa na umri wa miaka michache tu, na meli za posta kati ya Aden na Unguja zilikuwa zimeanza 1872. Bila meli zile, mmea hai usingefika Berlin ukiwa mzima.

Unguja aliyoikuta haikuwa Unguja ya siku zote. Aprili 1872 kimbunga kilikuwa kimeipiga na kuangusha sehemu kubwa sana ya mikarafuu. Ardhi iliyofunguliwa ghafla namna ile huota kwanza magugu, mitambazi na vichaka vya haraka. Kwa hiyo anayesoma lebo ya Unguja ya 1873 asikimbilie kusema kwamba mmea fulani ulikuwa wa kawaida kisiwani. Ulikuwa wa kawaida mwaka ule.

Mmea wake maarufu kuliko yote hapa pwani ni ule ambao mgeni akiuona hudhani ni mnazi uliodumaa: shina nene, majani marefu magumu yenye miiba pembeni, na katikati koni kubwa zenye mbegu nyekundu. Ni sikadi, na jina lake ni Encephalartos hildebrandtii. Walioupa jina hilo mwaka 1874 ni Alexander Braun, mkurugenzi wa bustani ya Berlin, na Carl David Bouché, mkaguzi wa bustani ileile. Jina lilitangazwa katika orodha ya mbegu za bustani. Karne ya 19 bustani kubwa zilichapisha orodha hizo kila mwaka ili kubadilishana mbegu, na majina mengi ya mimea yamejificha humo.

Kwa nini sikadi inaweza kusafiri wiki nyingi baharini na mgomba hauwezi? Shina lake lina akiba ya wanga. Ukikata majani yote halipotezi maji, nalo hulala tu likingoja. Namna ya kulisafirisha ni hii: kata majani karibu na shina, punguza mizizi kwa kisu kikali, kisha liweke kivulini penye upepo wiki moja au mbili mpaka vidonda vikauke na kufanya ganda. Baadaye lifunge katika makumbi makavu ndani ya sanduku lenye matundu. Usilimwagilie maji. Mashina mengi yanayokufa njiani huuawa na huruma ya mwenye kuyanyeshea: maji huingia kidondani, ukungu ukafuata, na kufika bandarini shina limeshakuwa laini kama boga bovu. Leo, tena, jamii nzima ya Encephalartos imo katika Kiambatisho cha Kwanza cha CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe walio hatarini. Kuhamisha hata mche mmoja kuvuka mpaka bila kibali ni kosa, na ni haki iwe hivyo, kwa sababu sikadi hukua polepole mno na dume na jike ni miti tofauti. Ukiiba majike ya kilima kimoja, madume yaliyobaki yatazeeka bila mtoto.

Sasa kuhusu zile nakala. Mkusanyaji wa zama zile asiye tajiri aliishi kwa kuuza seti. Hebaria na matajiri wenye makusanyo walilipia mimea iliyokaushwa kwa mamia, mia ya kwanza, mia ya pili, na seti ikiwa na namba kamili na majina sahihi ilipata bei nzuri zaidi. Wengine huona aibu kulitaja jambo hili, kana kwamba biashara iliichafua elimu. Mimi naona kinyume chake. Mkusanyaji aliyelipwa mshahara na taasisi moja alipeleka kila kitu kwenye taasisi hiyo moja, nayo ilipoungua, akaungua naye. Aliyehitaji wanunuzi wengi alilazimika kukata matawi mengi. Fedha alizozihitaji Hildebrandt ndizo zilizoiokoa mimea yake miaka zaidi ya 60 baada ya kifo chake.

Lakini nakala zina gharama, na gharama yenyewe ni mgongo wa mtu. Fanyeni hesabu nami. Chukulia unakusanya mimea 20 kwa siku, kila mmoja nakala 6: hizo ni karatasi 120. Karatasi moja ya gazeti iliyokunjwa ina gramu 20 hivi, kwa hiyo za siku moja tu zina kilo 2 na nusu. Siku 10 ni kilo 25. Mzigo wa mpagazi katika njia za Mombasa na Bagamoyo ulikuwa pauni 60 hadi 70, yaani kilo 27 hadi 32. Basi kila siku 10 mtu mzima mmoja anabeba karatasi tupu, na bado hatujahesabu karatasi za kunyonya maji zinazokaa katikati, wala mbao za presi, kile kifaa cha kubania mimea ikauke ikiwa imenyooka. Mtu huyo naye anakula. Posho ilikuwa kibaba cha nafaka kwa siku, karibu robo tatu ya kilo. Kwa siku 30 mbeba karatasi mmoja hula kilo 20 na ushee, na katika nyika isiyo na shamba chakula hicho lazima kibebwe na mtu mwingine, ambaye naye anakula. Ongeza merikani, kaniki, shanga na waya wa shaba vya kununulia chakula na kulipia njia. Hapo ndipo mtaelewa kwa nini nakala 10 zilikuwa anasa, na kwa nini lebo nyingi za bara zina nakala chache kuliko za pwani.

Tuje kwenye ukaushaji, maana hapa ndipo kazi ya miezi mingi huharibika kwa usiku mmoja.

Tawi likiingia kwenye presi bado liko hai. Seli zake hazifi papo hapo. Zinaendelea kupumua, kutumia sukari na kutoa maji. Lengo letu ni kuziua na kuzikausha kabla kuvu hajafika. Kwa hiyo saa 24 za kwanza ni muhimu kuliko wiki nzima inayofuata. Presi ikazwe sana, halafu ikazwe tena baada ya saa chache, kwa sababu mimea hunywea na kamba hulegea. Presi iliyolegea hutoa majani yaliyojikunja, na jani lililokauka likiwa limejikunja halinyooki tena mpaka ulichemshe. Karatasi za kunyonya zibadilishwe mara baada ya usiku wa kwanza, kisha kila siku kwa siku tatu au nne, kisha kila baada ya siku mbili mpaka mmea ukiguswa na shavu usiwe na ubaridi. Kipimo hicho cha shavu ni cha zamani na hakijapata mshindani: mmea wenye unyevu huwa baridi kuliko hewa, na ngozi ya shavu hutambua upesi kuliko vidole vilivyochoka.

Karatasi zenye unyevu zianikwe juani. Msimu wa masika pwani zitaanikwa wapi? Ndipo watu hukimbilia moto. Moto unafaa, lakini uwe wa makaa, presi iwe juu umbali wa kutosha, na hewa ipite katikati ya karatasi. Leo tunaweka kadibodi zenye mikunjo ili hewa ya joto ipande, na tunashika nyuzi 40 hadi 60. Ukizidisha, majani yanakuwa ya kahawia na kuvunjika, na utomvu unachemka na kuacha madoa. Ukipunguza, umewapikia kuvu mahali pazuri pa kulala. Mmea uliogeuka mweusi mara nyingi haukuungua, ulikawia kufa.

Kuna mimea inayokataa kufa. Minyaa, mishubiri na wenzao wenye maji shinani wanaweza kukaa kwenye presi mwezi mzima na kutoa chipukizi humo humo. Hao huchovywa katika maji yanayochemka kabla ya kubanwa, kuanzia sekunde chache hadi dakika moja kulingana na unene, lakini maua yabaki nje ya maji, kwa kuwa yakichemka hayatambuliki tena. Shina nene lipasuliwe katikati kwa urefu na nyama ya ndani itolewe. Mimea ya jamii ya mikunde yenye vijani vidogo, pamoja na miti ya manemane, ina tabia nyingine: ikikauka polepole inajitengenezea mahali pa kukatikia, kama inavyofanya kiangazi kikiingia, na ukifungua presi unakuta kijiti kitupu na lundo la majani. Dawa ni ileile, kuua haraka. Georg Schweinfurth, msafiri mwingine wa zama hizo, aliyejulikana kwa safari zake za Sudan, aliieneza njia ya kulowesha kifurushi kizima cha mimea katika pombe kali na kukifunga kisipitishe hewa. Mimea hukaa hivyo mpaka ipatikane nafasi ya kuikausha. Njia hiyo imeokoa makusanyo mengi ya misitu ya mvua, ila hupausha rangi, na tawi lililopitia pombe ni vigumu zaidi kupata vinasaba vyake baadaye.

Nimetaja miti ya manemane. Hildebrandt aliikusanya sana katika pwani ya Somalia, katika milima ya Ahl mwaka 1873 na milima ya Meid mwaka 1875, na mmoja unaitwa Commiphora hildebrandtii. Kundi hili linamtesa kila mkusanyaji. Kiangazi mti hauna jani. Maua hutoka kabla ya majani au pamoja nayo, kwa siku chache, madogo kama punje ya mtama. Dume na jike ni miti tofauti. Tunda huja majani yamekomaa. Ili mti mmoja ujulikane sawasawa unahitaji safari tatu kwenye mti uleule, na msafiri wa meli na msafara alikuwa na safari moja. Ndiyo sababu majina ya zamani ya manemane yamechanganyika: mmoja alieleza kijiti chenye ua la dume, mwingine akaeleza tawi lenye tunda, na kumbe ni mti uleule. Leo tunafunga kibati chenye namba kwenye shina na kurudi. Dume lipewe namba yake na jike namba yake, hata kama yamesimama hatua tano tu mmoja kwa mwenzake.

Katika safari ya pili, iliyoanza 1875, alikwenda Komoro na kukaa Nzwani kuanzia Juni hadi Agosti. Kwenye lebo zake kisiwa kinaitwa Johanna, jina walilolitumia Wazungu wa wakati ule. Hakukusanya majani peke yake. Mwaka 1876 alichapisha katika jarida la elimu ya watu la Berlin maneno ya lugha ya Nzwani, ndugu wa karibu wa Kiswahili chetu, na mwaka 1878 akachapisha maelezo marefu kuhusu Wakamba na majirani zao. Maandishi yale ni ya mtu wa karne yake, yana hukumu ambazo leo hatuzikubali. Lakini maneno aliyoyaandika ni ushahidi wa namna watu walivyoviita vitu miaka karibu 150 iliyopita, na watafiti wa lugha wayatazame pamoja na sisi wa mimea.

Kuhusu lebo zake kuna mtego mmoja ambao umewanasa watu wengi, naomba muuandike. Lebo ikisema "Sansibar" inaweza kuwa kisiwa cha Unguja. Ikisema "Sansibar-Küste" maana yake ni pwani ya bara iliyokuwa chini ya Sultani, na kituo kinaweza kuwa Mombasa. Waliosoma neno la kwanza na kuliacha la pili wamepeleka mimea ya bara kisiwani, na mimea hiyo imebaki katika orodha za Unguja bila mtu kuiona tena huko. Kabla ya kusema mmea umetoweka Unguja, rudi kwenye picha ya lebo, usome mstari mzima, halafu utazame mwezi na namba. Namba za jirani zitakuambia alikuwa wapi siku zile, kwa kuwa aliendeleza mfululizo mmoja kutoka safari hadi safari, ukapita 3,000 na kuendelea. Mfululizo mmoja ni fadhila kubwa. Mkusanyaji anayeanza upya namba 1 kila wilaya huwaachia wajao fumbo.

Mwanzoni mwa 1877 alitoka Mombasa kwenda bara, akiutafuta Mlima Kenya. Ludwig Krapf, mmisionari Mjerumani, alikuwa ameuona kwa mbali kutoka Kitui mwaka 1849, na huko Ulaya wapo waliokataa kuamini theluji ya ikweta. Njia ilipita Duruma na nyika ya Taru, ambako shida ya kwanza ni maji na ya pili ni maji. Februari alikuwa Ndi, katika nchi ya Taita. Kisha akaingia Ukamba na kufika Kitui. Hapo ndipo mwisho. Mbele kulikuwa na hofu ya kukutana na Wamaasai, na msafara ukageuka. Mimea ya juu ya mlima ule, ile mikubwa ya ajabu inayosimama kwenye baridi, ilingoja msafara wa Teleki, msafiri wa Hungaria, miaka 10 baadaye.

Vitabu vya historia ya uvumbuzi humwandika kwa mstari mmoja: alishindwa kufika. Mimi namhesabia Ndi na Kitui kuwa ushindi. Katika vilima vya Taita na vichaka vya Ukamba alikusanya mimea, ndege, wanyama na vyura ambavyo wataalamu walivishughulikia miaka mingi. Kwale wa Hildebrandt na kwezi wa Hildebrandt, ndege wawili mnaowaona mpaka leo, walipewa majina na Cabanis, mtaalamu wa ndege wa Berlin, mwaka 1878. Chura mwenye mapambo mgongoni kutoka Taita alielezwa na Wilhelm Peters, mtaalamu wa wanyama wa Berlin, mwaka huohuo, na mwaka 1907 kundi lake likaitwa Hildebrandtia. Tayari 1876 Wilhelm Vatke, mtaalamu wa mimea wa Berlin, alikuwa ameipa jina hilohilo jenasi ya vichaka vya nchi kavu, ndugu wa kiazi kitamu. Kwa hiyo kuna Hildebrandtia chura na Hildebrandtia kichaka, na sheria inaruhusu, kwa kuwa majina ya wanyama na ya mimea yana kanuni tofauti. Msiyachanganye na Hildenbrandia, mwani mwekundu wa mawe, wala msimchanganye yeye na Friedrich Hildebrand, mtaalamu wa mimea aliyeishi 1835 hadi 1915 na ambaye jina lake linaishia na herufi d. Herufi moja hupeleka mmea kwa mtu mwingine.

Kuna kitu lebo zake hazina, nami siwezi kukipita kimya. Zina jina la mtu mmoja tu, lake. Nani alijua kisima kilipo Taru? Nani alipanda mti kukata tawi la juu lenye ua, yeye akiwa na jicho lililoumia? Nani alibadilisha karatasi usiku, na nani alimwambia mti huu unaitwaje na unatibu nini? Msafara wa Mombasa ulikuwa na kirongozi, wapagazi, mpishi na wakalimani. Kila sampuli ya Ndi imepita katika mikono yao. Sisi tunaokusanya leo tuna nafasi kwenye lebo, na kanuni iwe hii: aliyekuongoza akaridhia kutajwa, jina lake liandikwe baada ya lako, kwa herufi za ukubwa uleule. Jina la kienyeji liandikwe pamoja na lugha yake. "Jina la kienyeji" bila kusema ni Kitaita, Kikamba au Kiduruma ni nusu ya habari.

Mwaka 1879 alikwenda Madagaska. Mwaka mmoja kabla, mtaalamu mwingine wa mimea, Christian Rutenberg wa Bremen, alikuwa ameuawa huko. Hildebrandt alikusanya pwani ya magharibi na kisiwa cha Nosy Be, na mwishoni mwa 1880 alikuwa katika misitu ya mashariki ya Imerina, nchi ya nyanda za juu za kati. Alifariki Antananarivo tarehe 29 Mei 1881, akiwa na umri wa miaka 34. Miaka tisa ya safari, na ndani yake maradhi ya mara kwa mara.

Sasa mtu anayetaka kurudisha mpaka wa jina lililoungua Berlin afanyeje? Aanze na andiko la kwanza la jina. Kwa mimea mingi ya Hildebrandt ni makala za Vatke, zilizotoka katika majarida kama Linnaea. Atoe humo namba ya ukusanyaji na mahali. Kisha atafute namba hiyo katika picha za mtandaoni za Kew, London, Paris, Vienna na Leiden. Akipata nakala moja au zaidi, asichague upesi. Alinganishe tarehe, mahali na mmea wenyewe na maelezo ya Kilatini: kama andiko linasema tunda lina manyoya na nakala haina tunda, atafute nyingine. Awe macho pia kwa namba moja yenye mimea miwili, maana seti zilipopangwa mezani matawi yanayofanana yalichanganyika. Nakala iliyo bora kati ya zile za asili ndiyo itangazwe rasmi kushika nafasi ya iliyoungua. Kama hakuna hata moja popote, ndipo achukue mmea mpya, na auchukue palepale, Ndi iwe Ndi. Mtasikia kwamba Berlin ilipigwa picha kabla ya vita. Ni kweli, kuanzia 1929 Macbride wa Chicago alipiga picha maelfu, lakini alilenga mimea ya Amerika. Ya kwetu haikupigwa.

Mkizishika karatasi za karne ya 19, vaeni glavu na fungueni madirisha. Zilipakwa chumvi ya zebaki kuzuia wadudu, na sumu ile haijaondoka. Leo tunatumia baridi: kifurushi kifungwe kwenye plastiki, kiwekwe nyuzi 20 chini ya sifuri wiki nzima, na kisifunguliwe mpaka kirudi kwenye joto la chumba, la sivyo umande hutua juu ya mimea. Jamii ya alizeti ikaguliwe kwanza, maana mdudu wa tumbaku huanza nayo.

Na nakala zetu zigawanywe. Hebaria ya Afrika Mashariki iliyo Nairobi ilianzia Amani, Usambara, mwaka 1902 na kuhamia Nairobi mwaka 1950. Hiyo ipate moja, hebaria ya chuo kikuu kilicho karibu nawe moja, na ya tatu ivuke bahari kwa kibali. Kipande cha jani cha sentimita mbili au tatu kiwekwe katika jeli ya silika, yaani chembe zinazonyonya unyevu, uzito wa jeli mara 10 ya jani, kwa ajili ya vinasaba.

Presi ziko tayari kwenye meza ya kulia, na maji yanachemka. Tutaanza na mnyaa kwa kuwa ndio mgumu. Utomvu wake ukiingia jichoni unaunguza vibaya, basi vaeni miwani kabla ya kukata, na ndoo ya maji safi iko hapo mlangoni. Kila kundi likate matawi sita.